Meli ya Khedive Ismail: waliong'oa nanga Kilindini 1944 wasifike Colombo

Msomaji wa Machakos ameuliza hivi: "Babu yangu mzaa mama aliandikishwa jeshini wakati wa vita vya Hitler, kikosi cha mizinga. Mwanzoni mwa 1944 aliondoka Mombasa kwa meli na hakurudi. Nyanya alikuwa akisema alizama na 'meli ya Wamisri', meli ambayo kabla ya vita ilikuwa ya kubeba matajiri. Mjomba naye husema walionusurika majini waliuawa kwa mabomu ya Waingereza wenyewe. Mimi nina barua moja tu ya babu, na ina namba yake ya jeshi. Je, meli hiyo ilikuwapo kweli? Ilikuwa ya nani? Na hayo ya mjomba ni ya kuaminika?"

Dada yangu, nyanya yako alisema kweli. Mjomba wako naye amesema kweli, ila ameshika kipande, na kipande hicho kikisimuliwa peke yake kinaumiza kuliko kinavyostahili. Nitakujibu kwa kirefu, maana watu wetu walipotea kwa mamia siku moja, na bado habari zao husimuliwa kwa minong'ono majumbani kama siri ya aibu.

Meli unayoitafuta, kwa maelezo uliyonipa, ni Khedive Ismail. Nyanya aliiita ya Wamisri kwa sababu ya jina na kampuni, lakini haikuundwa Misri. Iliundwa Greenock, Uskoti, katika karakana ya Scotts, mwaka 1922, kwa agizo la kampuni ya Chile iitwayo Compañía Sudamericana de Vapores. Ilipoteremshwa majini iliitwa Aconcagua, jina la mlima mrefu kuliko yote ya mabara ya Amerika. Ilikuwa meli ya mvuke ya tani 7,000 na ushei, urefu wake toka omo hadi tezi karibu mita 129. Ilikuwa na pacha wake, Teno, aliyeundwa karakana hiyohiyo mwaka huohuo. Pacha hao walifanya safari kati ya Valparaíso na New York wakipitia mfereji wa Panama, na abiria wao wa daraja la juu walikuwa watu wenye uwezo hasa, wa kulala katika vyumba vyao na kula mezani kwa kitambaa cheupe. Kwa hiyo "meli ya matajiri" si hadithi ya nyanya. Ilikuwa hivyo.

Kilichoiondoa Chile ni njaa ya pesa. Uchumi wa dunia ulipoanguka kuanzia 1929, Chile ilipigwa vibaya mno, maana ilikuwa ikiishi kwa kuuza shaba na nitrati, na ghafla hakuna mnunuzi. Kampuni haikuweza tena kuzihudumia meli zake kubwa. Mwaka 1935 pacha wote wawili wakaangukia mikononi mwa kampuni ya Misri, Khedivial Mail, iliyozitia katika safari za Mediterania. Hapo Aconcagua ikawa Khedive Ismail, na Teno ikawa Mohamed Ali El-Kebir.

Niruhusu nigeuke pembeni kidogo kuhusu jina hilo, kwa kuwa sisi watu wa pwani tuna kisa nalo. Khedive Ismail mwenyewe alitawala Misri kuanzia 1863 hadi 1879, na ndiye aliyefungua mfereji wa Suez mwaka 1869. Mwaka 1875 alituma manowari na askari hadi Barawa na Kismayu, wakaziteka kutoka kwa Sayyid Barghash wa Zanzibar, mpaka Waingereza walipowashinikiza Wamisri waondoke. Basi mtu aliyewahi kuleta askari wake kwa meli katika pwani yetu ndiye ambaye jina lake lilipewa meli iliyokuja kuwachukua askari wetu. Kila ninapoliandika jina hili nalikumbuka jambo hilo.

Vita vilipopamba moto, Uingereza ilihitaji meli za abiria kuliko ilivyohitaji dhahabu. Meli ya mizigo ni pana tumboni lakini haina jikoni la kulisha watu elfu, haina vyoo, haina matangi ya maji ya kutosha, na wakati mwingine ni kobe majini. Meli ya abiria ina vyote hivyo na mwendo juu yake. Mwaka 1940 Khedive Ismail ikachukuliwa kwa kazi ya kubeba askari, ikawekwa chini ya uendeshaji wa British India, kampuni ambayo wazee wa Mombasa na Zanzibar waliijua kwa jina la BI tu. Ninaposema meli "imechukuliwa" usidhani ni karatasi kubadilishwa ofisini. Meli za namna hii zilipakwa rangi ya kijivu, kuta za mbao za vyumba zikang'olewa ili watu walale kwa safu, vitanda vikapandana, machela za turubai zikaning'inizwa pale palipokuwa pa kulia chakula, na mzinga ukafungwa nyuma tezini. Palipolala abiria kumi walilala askari hamsini au zaidi. Shika hilo la msongamano, litarudi mbele.

Pacha wake hakumaliza hata mwaka. Mohamed Ali El-Kebir, ikiwa imejaa askari, ilipigwa topido, bomu linalosafiri ndani ya maji, na nyambizi ya Kijerumani U-38 tarehe 7 Agosti 1940 karibu na Ireland.

Khedive Ismail yenyewe iliponea chupuchupu Ugiriki, na kisa hicho nakileta makusudi kwa sababu kinahusu swali la mjomba wako. Aprili 1941 Wajerumani walikuwa wamewabana Waingereza, Waaustralia na Wanyuzilandi waliokuwa Ugiriki, na meli zikatumwa usiku kuwaondoa. Usiku wa tarehe 26 Khedive Ismail ilikuwa bandari ya Nafplion pamoja na meli ya abiria ya Kiholanzi, Slamat. Askari walisombwa kwa mashua kutoka ufukoni, kazi ikaenda polepole, na saa tisa usiku amri ikatoka kwamba meli zote ziondoke kabla hakujapambazuka. Khedive Ismail ikaondoka bila kupakia hata askari mmoja. Slamat ilikaa zaidi ya saa moja ikiendelea kupakia. Kulipokucha ndege zikaikuta, ikawaka moto na kuzama. Manowari mbili, Diamond na Wryneck, zikaenda kuwaokoa waliokuwa majini, zikajaza watu, kisha zenyewe zikapigwa mabomu na kuzama siku hiyohiyo. Karibu watu 1,000 walikufa, na waliookoka ni hamsini hivi. Manowari ikisimama kuokoa, inageuka shabaha. Kila ofisa wa jeshi la majini alilijua somo la Diamond na Wryneck.

Sasa tuje nyumbani. Aprili 1942 Wajapani waliishambulia Colombo kwa ndege, na jeshi la majini la Uingereza likahamishia makao yake Kilindini. Mombasa ikafurika. Shule ya Allidina Visram, ile iliyo Mombasa hadi leo, ikageuzwa kituo cha siri cha kusikiliza na kufumbua mawasiliano ya Kijapani. Ilipofika 1943 hali ilitulia kidogo, na safari za kupeleka askari wa Afrika Mashariki Ceylon, ambayo leo ni Sri Lanka, zikaendelea, kwa maandalizi ya vita vya Burma. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilitangulia. Rejimenti ya 301 ya mizinga, ambayo naamini ndiyo ya babu yako, ilikuwa ifuate.

Iling'oa nanga mwanzoni mwa Februari 1944 katika msafara ulioitwa KR 8, wa kutoka Kilindini kwenda Colombo. Meli tano zilibeba watu: Khedive Ismail, City of Paris, Varsova, Ekma na Ellenga. Ndani ya Khedive Ismail kulikuwa na watu 1,511. Kati yao 996 walikuwa maofisa na askari wa rejimenti ya 301. Walikuwapo pia watu 271 wa jeshi la majini la Uingereza, wauguzi wa kike 53 na mkuu wao, wanawake wengine wa majeshi, mabaharia, na mwandishi wa habari za vita Kenneth Gandar-Dower, yule aliyewapeleka duma kutoka Kenya hadi Uingereza na mwaka 1937 akawashindanisha mbio uwanjani. Nahodha alikuwa Roderick Whiteman.

Februari ni kaskazi. Anayeijua bahari yetu anajua maana yake: jua kali, bahari laini, na usiku wa joto ambao huwezi kulala ngamani. Nafikiria vijana wa Ukambani, wengi wao hawakuwa wamewahi kuona bahari kabla ya kuletwa Mombasa, wakisongamana chini ya sitaha katika meli ya chuma iliyopigwa jua tangu asubuhi.

Walisafiri siku kadhaa bila tatizo. Jumamosi tarehe 12 Februari, mchana baada ya chakula, msafara ulikuwa ukipita katika mkondo ulio kati ya visiwa vya kusini vya Maldivi, karibu na ikweta. Manowari zilizoulinda wakati huo zilikuwa tatu tu: Hawkins, kubwa na ya kizamani, na mbili nyepesi zenye kasi, Paladin na Petard. Baadhi ya abiria walikuwa wakiota jua sitahani, wengine wamelala, wengine chini wakitazama onyesho la muziki. Saa nane na nusu mlinzi wa Khedive Ismail akaiona darubini ya nyambizi juu ya maji, upande wa kushoto. Akapiga kelele, na wapiga mzinga wakafyatua. Lakini nyambizi ilikuwa imekwisha kuachia topido nne. Mbili ziliingia.

Nyambizi hiyo ilikuwa I-27 ya Japani, chini ya Toshiaki Fukumura. Ilikuwa na urefu wa karibu mita 109, kubwa kuliko nyambizi nyingi za Kijerumani. Mei 1942 ilibeba nyambizi kibeti iliyoingia bandari ya Sydney, na mwaka 1943 ilizamisha meli nyingi kati ya Bahari ya Arabu na Ghuba ya Oman. Haikuwa nyambizi ya kubahatisha.

Meli ilizama kwa muda wa dakika mbili hivi. Nakuomba uutazame muda huo kwa saa yako. Aliyekuwa ngamani kwenye ngazi ya tatu, gizani, ngazi moja nyembamba ya kupandia na watu mia mbili wanaoitaka, hakuwa na njia. Mashua za uokozi hazikuwahi kuteremshwa ipasavyo. Walioponea ni wengi wa wale waliokuwa sitahani au karibu na mlango, waliotupwa na mlipuko au walioruka. Ule msongamano niliokutajia, na zile kumbi pana za abiria ambazo maji yakiingia hayazuiliki, ndivyo vilivyoua zaidi ya topido zenyewe. Hii ndiyo hukumu yangu baada ya kusoma habari za meli nyingi za namna hii. Lancastria, iliyozama 1940, na Laconia, iliyozama 1942, nazo zilikuwa meli za abiria zilizojazwa vitani, na zote mbili zilipoteza watu wengi kuliko Khedive Ismail.

Sasa kuhusu mjomba. Meli nyingine nne zilitawanyika kukimbia hatari pamoja na Hawkins, kama kanuni ya msafara ilivyotaka. Paladin ilisogea ikateremsha mashua na kuanza kuokota watu. Petard, chini ya Rupert Egan, ikaanza kuisaka nyambizi. Na nyambizi, kwa bahati au kwa hila, ilikuwa imejificha chini ya maji palepale walipokuwa wakielea walionusurika, au karibu nao mno. Petard ikaangusha mabomu ya kulipukia chini ya maji. Ndiyo, yaliangushwa karibu na watu walio hai, na yaliua. Bomu la namna hiyo si lazima likuguse. Maji hayabonyei, kwa hiyo mshindo husafiri ndani yake ukaingia mwilini mwa anayeelea, ukapasua mapafu na matumbo. Baadhi ya waliookoka topido walikufa hivyo, na mabaharia wa Petard walikuwa wakiwaona.

Je, ilikuwa lazima? Nimelifikiria hili kwa miaka mingi, na sioni kama Egan alikuwa na njia nyingine. I-27 ilikuwa bado na topido. Paladin ilikuwa imesimama na mashua zake majini, shabaha nyepesi kabisa. Ng'ambo kidogo zilikuwapo meli nne nyingine zilizojaa askari, na wengine wao walikuwa wa kwetu vilevile. Kumbuka Diamond na Wryneck. Kama Egan angesubiri watu waokotwe kwanza, huenda leo tungekuwa tunahesabu meli mbili au tatu. Nasema hivyo bila kumwondolea mtu uchungu wake. Mjomba akisema walikufa kwa mabomu ya Waingereza, usimbishie, maana kuna waliokufa hivyo. Akisema Waingereza waliwaua kwa sababu walikuwa Waafrika, hapo mwambie kwamba majini siku ile walikuwamo pia mabaharia wa Kiingereza wenyewe na wauguzi wao wa kike, wote wakielea mahali pamoja, na mabomu hayakuchagua.

Katika shambulio la tatu nyambizi ikalazimika kupanda juu. Mizinga midogo ya manowari haikuweza kulitoboa gamba lake. Paladin ikaenda kuigonga, lakini ubavu wake yenyewe ukachanwa na bawa la nyambizi, maji yakaingia. Petard ikabaki peke yake ikifyatua topido moja baada ya nyingine, sita zikakosa. Ya saba ikaimaliza I-27. Pambano lote lilichukua saa mbili na zaidi. Petard hiyohiyo ilikuwa imeshiriki kuzamisha nyambizi ya Kijerumani U-559 Oktoba 1942, mabaharia wake wakatoa vitabu vya siri vilivyosaidia kufumbua Enigma, mashine ya Wajerumani ya kuandikia ujumbe wa siri, na Desemba mwaka huo ikashiriki kuzamisha ya Kiitaliano. Kwa I-27 ikawa imeshiriki kuzamisha nyambizi za Ujerumani, Italia na Japani.

Jioni ile waliohesabiwa hai walikuwa wanaume 208 na wanawake 6. Waliokufa ni 1,297, kati yao wanawake 77. Walionusurika walipelekwa Addu, kundi la visiwa la kusini kabisa la Maldivi, pamoja na Paladin iliyojeruhiwa. Meli yenyewe iko chini ya bahari kilindini, kwa maana halisi ya neno hilo, mbali kupita uwezo wa mzamiaji yeyote.

Limebaki swali ambalo hukuliuliza kwa maneno lakini limo katika barua yako: jina lake liko wapi? Katika makaburi ya vita ya Nairobi, yaliyo Ngong Road, kuna Mnara wa Kumbukumbu wa Afrika Mashariki. Umejengwa kwa ajili ya askari wasio na kaburi wa vita vya Ethiopia, Somalia na Madagaska, na kwa ajili ya waliozama na Khedive Ismail. Nilipofika hapo mara ya kwanza nilikosea jambo ambalo sitaki nawe ulikosee. Nilitafuta tarehe. Majina yamepangwa kwa vikosi na vyeo, tarehe ya kifo haikuandikwa, hivyo unaweza kusimama mbele ya jina la babu yako usijue kama ndiye. Anza na rejista ya Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola, ambayo hutafutwa bure kwenye intaneti. Hapo tarehe ipo. Tafuta kikosi cha East African Artillery na tarehe 12 Februari 1944.

Usitafute kwa jina kwanza. Makarani wa Kiingereza waliandika majina ya Kikamba walivyoyasikia. Mutua anaweza kuwa Mtua, Kioko anaweza kuwa Kyoko, na jina la baba likaja mbele ya la mtoto. Mwingine aliandikisha jina la ubatizo, nyumbani hawakulijua kabisa. Ndiyo maana ile namba ya jeshi iliyo kwenye barua ni mali kuliko jina. Ilinganishe tarakimu kwa tarakimu, na kama kuna herufi mbele yake usiiache. Barua hiyo ipige picha leo, kabla karatasi haijakatika kwenye mikunjo, na uangalie tarehe yake na muhuri wa posta. Ikiwa imeandikwa Januari 1944 au siku za kwanza za Februari, na muhuri ni wa Mombasa au wa kambi ya jeshi, mimi nitaridhika kwamba tumempata. Nitumie hiyo tarehe na namba ukishazisoma vizuri.